Skrubu isiyo na kichwa: niliyojifunza kwenye mashine za kusaga Moshi

Boliti ya kawaida huvuta. Unaipitisha kwenye tundu, unafunga nati upande wa pili, unakaza, na vitu viwili vinavutana mpaka vinabanana. Skrubu isiyo na kichwa inafanya kinyume: inasukuma. Ina nyuzi mwili mzima, inazama yote ndani ya tundu lake, na kazi inafanywa na ncha inayoigandamiza shafti, ule mtaimbo wa chuma unaozunguka. Kwa miaka niliyotengeneza mashine hapa Moshi, za kusaga, za kukoboa, pampu za maji na zile za kumenya kahawa za Kibosho na Machame, nimeona kwamba fundi asiyelielewa hilo ataikaza skrubu hiyo kila wiki, na kila wiki italegea.

Aliyenionyesha ni mzee mmoja mkereza vyuma, wakati huo mimi ni kijana wa kushika taa na kuosha vipuri kwa dizeli. Ililetwa puli, lile gurudumu linalovaa mkanda, iliyokuwa inateleza. Akaitoa kwenye shafti, akanipa tochi, akaniambia nichungulie ndani. Upande wa skrubu palikuwa na tundu lenye nyuzi, basi. Lakini upande wa pili, mkabala kabisa na skrubu, palikuwa na mstari mwembamba unaong'aa, ilhali sehemu nyingine zote zimefunikwa na kutu na mafuta yaliyoganda.

"Umeuona huo mstari? Hapo ndipo puli inaposhika," akasema. "Skrubu inaisukuma shafti ikalale upande ule. Wewe unahangaika na skrubu, kumbe nusu ya kazi iko nyuma yake."

Basi puli inashikwa sehemu mbili: kwenye ncha ya skrubu, na kwenye ukuta wa tundu ambako shafti imebanwa. Sehemu kubwa ya nguvu hiyo ni msuguano. Kule kuuma kwa ncha kwenye chuma cha shafti kunaongeza kidogo tu. Vitabu vya uhandisi vinaiweka nyongeza hiyo kwenye asilimia 15 ikiwa juu kabisa. Ndiyo maana puli ambayo tundu lake limelika haiponi kwa kukaza. Tundu likishakuwa kubwa kuliko shafti, hata kwa nusu milimita, shafti inagusa kwenye mstari mmoja tu, puli inakaa nje ya katikati, inazunguka huku inayumba, na kila mzunguko unaitikisa skrubu ilegee. Mara nyingi nakuta kipande cha bati la kopo kimechomekwa humo kujaza nafasi. Kinasaidia kwa muda, kisha kinasagika na kutoka vipande vipande. Puli ya namna hiyo inapelekwa kwa mkerezaji, tundu linapanuliwa, inaingizwa bushi iliyokerezwa kwa kipimo cha shafti, halafu ndipo tuzungumze habari ya skrubu.

Watu huniuliza skrubu ndogo hivyo inashika uzito gani. Inashika mwingi, na hapo ndipo hatari inapoanzia. Skrubu ya robo inchi ya chuma kigumu, yenye ncha ya kikombe, yaani iliyobonyea katikati na kuacha ukingo mkali, ikikazwa inavyotakiwa, inahesabiwa kuhimili kama ratili 1,000 pale juu ya uso wa shafti, yaani karibu kilo 450, kabla haijateleza. Kwenye shafti ya milimita 25 hiyo ni nguvu ya kuzungusha ya kama nyutoni-mita 55. Sasa chukua mota ya nguvu za farasi 10 inayozunguka mara 1,440 kwa dakika: inatoa kama nyutoni-mita 50. Kwenye karatasi inatosha. Lakini mashine ya kusaga haisagi kwenye karatasi. Mahindi yanaingia kwa mafungu, kuna punje kavu, kuna kokoto, mota inawashwa na kuzimwa, na kila tukio la hivyo ni pigo. Kwa mzigo wa kupigapiga, wahandisi wanataka nguvu ya kushika iwe mara 4 hadi 8 ya ile inayohitajika. Ukigawa hivyo, skrubu yako ya robo inchi inabaki ya kutegemewa kwenye mota ya farasi 2, tena bila ziada kubwa.

Kwa hiyo kwenye mashine ya kusaga, kazi ya kuzungusha ni ya kii, kile kipande cha chuma cha pembe nne kinachoifunga puli na shafti zizunguke pamoja. Shafti ya milimita 25 inachukua kii ya milimita 8 kwa 7, inakaa kwenye mfereji wake nusu ndani ya shafti na nusu ndani ya puli, na hiyo ndiyo inayobeba mzigo. Skrubu isiyo na kichwa inakaa juu ya kii, inaikandamiza isicheze na kuizuia puli isitembee kwenda mbele au nyuma kwenye shafti. Ni mlinzi wa kii, si mbadala wake.

Niliitwa Himo kwa mama mmoja mwenye mashine ya kusaga. Nilipomwamkia shikamoo, aliitikia "Marahaba baba," hata kiti hakunipa, akanipeleka moja kwa moja kwenye mashine. "Mota inazunguka, mkanda unazunguka, unga hautoki. Na wateja wamejaa nje." Niliondoa kava, nikaweka alama ya chaki kwenye puli na kwenye shafti, nikaomba iwashwe kidogo na kuzimwa. Alama zilikuwa zimeachana. Puli ilikuwa inazunguka peke yake juu ya shafti.

Aliyeitengeneza kabla yangu hakuirudisha kii. Labda ilianguka kwenye pumba, sijui. Alikaza skrubu peke yake, akaikaza kwelikweli, na ikashika mpaka siku ya mavuno watu walipopanga foleni. Ilipoteleza mara ya kwanza, ncha yake ililima mfereji kuizunguka shafti. Chuma kilicholimwa hakikuondoka, kilijikunja pembeni na kunyanyuka kama ukingo wa tuta. Kwa hiyo puli ikawa haishiki na wala haitoki. Kuivuta kwa pula, kile kifaa cha kung'olea puli, ni kuihatarisha, maana ni ya kasti, yaani chuma cha kumimina, na kasti haivumilii. Nilitoa skrubu kabisa, nikapitisha mafuta mepesi, nikawa naizungusha puli kwa mkono nikiirudisha ndani na kuivuta nje kidogo kidogo, mpaka ile kingo ikasagika na puli ikatoka. Kisha tupa, msasa, kii mpya iliyochongwa palepale. Mama alisimama muda wote akiangalia. Kii ilipoingia aliniomba nimwonyeshe ni kipi hasa kilichokosekana, akakishika, akakigeuzageuza. Sasa kila fundi anayefungua mashine yake, mama anamwuliza kii iko wapi kabla hajamlipa.

Ukingo ule ulionyanyuka una dawa yake, na mafundi wengi hawaitumii kwa sababu inachukua dakika tano za ziada. Pale skrubu itakapokaa, chonga bapa dogo kwenye shafti kwa tupa, kina kisichofika milimita moja. Skrubu ikiuma, kovu linabaki ndani ya bapa, halifikii usawa wa mduara wa shafti, na siku ya kuitoa puli inatoka bila vita. Bapa linasaidia pia kushika, kwa kuwa ili puli iteleze lazima ncha ipande ukingoni. Kama mahali hapo hapatabadilika kamwe, unaweza kutoboa kishimo kwa drili na kuweka skrubu ya ncha ya koni au ya kidole izame humo.

Hizo ncha ni jambo la kulisema vizuri, kwa sababu madukani wanakuuzia yoyote. Ya kikombe ndiyo inayopatikana zaidi: ukingo wake mkali unauma shafti kwa alama ya duara, na inafaa kazi nyingi. Kuna ya kikombe yenye meno pembeni, hiyo inakawia kidogo zaidi kulegea kwenye mtikisiko. Ya bapa haikwaruzi sana, unaiweka pale unapotaka kurekebisha mara kwa mara. Ya koni inaingia ndani zaidi na ni ya mahali pa kudumu. Ya kidole ina sehemu nyembamba isiyo na nyuzi mbele, inaingia kwenye tundu au mfereji. Na kwenye shafti laini au yenye nyuzi zake, iko yenye ncha ya shaba au nailoni, isiharibu. Viwango vya kimataifa vimezipa kila moja namba yake, kuanzia ISO 4026 ya bapa, 4027 ya koni, 4028 ya kidole, hadi 4029 ya kikombe. Kwenye pakiti utaona pia 45H, ambayo ni daraja la ugumu wa chuma chake. Ugumu huo una maana: skrubu lazima iwe ngumu kuliko shafti. Ukikutana na shafti iliyotiwa moto kiwandani ikawa ngumu sana, ncha ya kikombe inajifuta yenyewe badala ya kuuma, na hapo bapa au kishimo si hiari tena.

Kuna jambo moja ambalo siwezi kulipita haraka. Ni kichwa chenyewe, kwa nini hakipo.

Zamani, viwandani Ulaya na Marekani, puli zilifungwa kwa skrubu zenye kichwa cha pembe nne kilichochomoza nje. Shafti ndefu zilipita kwenye dari na kando ya kuta, zinazunguka kutwa, na vile vichwa vilikuwa vinanasa mikono ya mashati, magauni, nywele. Mtu akinaswa na shafti inayozunguka, haimwachii. Watu walikufa na wengine walipoteza viungo. Mwaka 1910 William G. Allen wa Hartford, Connecticut, alipewa hataza ya namna ya kutengeneza tundu la pembe sita kwenye skrubu, na kampuni yake iliziuza kama skrubu za usalama, kwa sababu zinazama zote na hakuna kinachobaki nje cha kunasa. Jina lake ndilo tunalolitaja mpaka leo tukiomba spana ya aleni.

Sasa ingia mashine ya kusaga yoyote hapa kwetu, Pasua, Majengo, Kiborloni, au nenda Arusha kule Unga Limited. Angalia nani anasimama karibu na mkanda. Ni mama aliyejifunga khanga kiunoni na kujitanda nyingine. Ni binti aliyetumwa na debe la mahindi. Kava la mkanda limeondolewa siku nyingi kwa sababu lilikuwa linapiga kelele. Halafu skrubu imepotea, na fundi amechukua boliti ya namba 13 yenye kichwa, akaikaza badala yake, imechomoza sentimita mbili nje ya kitovu cha puli. Inashika, ndiyo. Na inazunguka mara mia kadhaa kwa dakika karibu na kitambaa kinachoning'inia. Nikiikuta naitoa hata kama sikuitiwa hiyo, na naisema kwa mwenye mashine mbele ya wateja. Skrubu sahihi bei yake ni ndogo kuliko soda. Hakuna sababu yoyote inayoweza kuelezwa kwenye msiba kwa nini haikununuliwa. Ukiikosa yenye tundu la pembe sita, tafuta hata ile yenye mkato wa bisibisi. Ukiikosa hiyo, kata kichwa cha boliti kwa msumeno na uichonge mkato mwenyewe, itazame ndani, mpaka upate nyingine. Na kava lirudishwe.

Kuhusu spana. Kwa skrubu hizi za milimita, spana yake ni nusu ya namba ya skrubu: M6 inachukua spana ya milimita 3, M8 ya 4, M10 ya 5, M12 ya 6. Ni rahisi kukumbuka. Tatizo linakuja na mashine za zamani zenye vipimo vya inchi, nazo huku Kilimanjaro ziko nyingi, hasa mashine za kahawa zilizorithiwa toka kwa baba. Skrubu ya robo inchi inataka spana ya inchi 1/8, ambayo ni milimita 3.18 hivi. Spana yako ya milimita 3 itaingia, itaonekana inafaa, na ukiikaza kwa nguvu itazunguka ndani na kuzivunja zile kona sita. Baada ya hapo hakuna spana itakayoshika. Ikiingia na kucheza hata kidogo, isimamishe hapo, tafuta seti ya inchi. Na kabla ya kuingiza spana yoyote, safisha tundu kwa sindano au msumari mwembamba. Unga na grisi vinajaa humo na kuwa vigumu, spana haizami hadi mwisho, inashika kona za juu tu na kuzila.

Usirefushe spana kwa bomba. Urefu wa spana yenyewe ndio kipimo cha nguvu inayofaa skrubu ile. Ukiongeza bomba, ama spana inajisokota, ama kitovu cha puli kinapasuka, na kitovu cha kasti kikipasuka umenunua puli mpya.

Beringi zenye nyumba yake ya kasti, zile zilizoandikwa UCP, zinatumia skrubu hizi mbili kwenye pete ya ndani, na zina mtego. Nyingi zina nyuzi nyembamba: M6 yake ina hatua, yaani umbali wa uzi hadi uzi, ya milimita 0.75, wakati M6 ya kawaida ya dukani ina hatua ya milimita 1. Ukiilazimisha ya kawaida itaingia mizunguko miwili na kukwama, nyuzi za beringi zimeshaharibika. Nenda dukani na ile ya zamani mkononi, au na beringi yenyewe. Wakati wa kukaza, kaza ya kwanza kiasi, kaza ya pili, kisha rudi ya kwanza. Utakuta imelegea, kwa sababu ya pili imeisogeza shafti. Endelea kwa zamu mpaka zote mbili zitulie.

Swali la skrubu ya pili linanipendeza, kwa sababu jibu lake linarudi kwenye ule mstari uliong'aa. Ukitaka kuongeza skrubu kwenye puli, wengi huitoboa upande wa pili, mkabala na ya kwanza, wakifikiri zitabana kwa pamoja. Hapo ndipo pabaya kuliko pote. Umeondoa ule ukuta uliokuwa unaibeba shafti. Skrubu mbili zinasukumana, na unapata kama asilimia 30 tu ya ziada. Ziweke mbili kwenye mstari mmoja kufuata urefu wa shafti, moja nyuma ya nyingine, na nguvu inakaribia kuwa mara mbili. Kama kitovu ni kifupi na lazima zikae kwenye duara moja, ziachanishe kwa pembe ya digrii 60. Hapo unapata kama mara 1.75, shafti bado ina mahali pa kulala.

Na puli ukitaka kuisogeza kidogo ili mkanda unyooke, milimita moja au mbili, usishangae ikirudi palepale. Ncha inalifuata kovu lake la zamani na kuteleza humo. Izungushe puli robo mzunguko kama haina kii, ikae kwenye chuma kipya. Kama ina kii, sawazisha kovu kwa tupa kwanza.

Ukishaijua skrubu hii utaiona kila mahali. Mpini wa bomba la kuchanganya maji ya moto na baridi: ng'oa kile kifuniko kidogo chenye rangi nyekundu na bluu, iko nyuma yake, mara nyingi ya spana ya 2.5. Vitasa vya milango, shingo ya feni ya dari, gurudumu la cherehani. Kwenye soketi za umeme na konekta ziko za shaba nyeupe au njano, zinausukuma waya ugandamane na ukuta wa tundu lake, kanuni ileile. Waya mwembamba kwenye tundu kubwa ukunje mara mbili ujaze nafasi kabla ya kukaza, maana ukilegea unapata joto, na soketi nyingi zilizoungua nilizofungua zilianzia kwenye skrubu ya namna hiyo.

Ili isilegee, safisha nyuzi kwa petroli, zikauke, weka tone moja la gundi ya nyuzi, ile ya zambarau kwa skrubu ndogo, ya bluu kwa za M6 na kuendelea. Nyekundu usiweke, kuitoa kunataka moto. Njia nyingine ni kuweka skrubu fupi ya pili juu ya ya kwanza ndani ya tundu lilelile, ikaibana kwa nyuma. Vyovyote utakavyofanya, mashine ikifanya kazi saa chache za mwanzo, izime, kata umeme, rudia kukaza. Ncha huwa imezama kidogo zaidi kwenye shafti na imejipatia nafasi.

Iliyokwama inatolewa kwa subira. Pasha kitovu joto, si skrubu, ili tundu lipanuke. Weka mafuta ya kupenya, acha yafanye kazi, kisha jaribu kuikaza kidogo kabla ya kuilegeza. Kama kona zimekwisha, gonga ndani ncha ya bisibisi ya nyota sita iliyozidi kidogo, ijichongee kona mpya. Kuitoboa kwa drili ni jambo la mwisho, na uwe na drili nzuri inayokwenda taratibu yenye mafuta, kwa sababu chuma chake ni kigumu na drili ya kawaida itahama na kula nyuzi za puli.